Sakafu ya mtiki imeachana, na wakwe wanakuja Novemba

Shikamoo Babu Seremala,

Mimi ni mama wa watoto watatu. Tulihamia Dodoma kutoka Dar es Salaam wizara zilipohamishiwa huku, maana baba watoto ni mtumishi. Tulipanga miaka kadhaa, tukajinyima, mwishowe tukajenga. Katika nyumba nzima mimi niliomba kitu kimoja tu: sebule iwe na sakafu ya mbao. Nimekulia Muheza, marehemu baba alikuwa kibarua kwenye shamba la mitiki la Longuza, na harufu ya mtiki unaopasuliwa ndiyo harufu ya utoto wangu. Mume wangu alitaka tailizi tangu mwanzo. Alinikubalia kwa mapenzi tu.

Mbao zilifika kwa lori kutoka Tanga mwezi wa sita mwaka jana. Fundi ni mtoto wa shemeji yangu, kijana mwenye bidii. Zilishushwa Jumatatu, na Jumamosi ya wiki hiyohiyo alikuwa ameshamaliza kuzipigilia. Sebule ni mita 5 kwa 4, mbao zimelala kufuata ule upande mrefu. Kila ubao una upana wa sentimita 12 na unene wa sentimita 2, zimeshikana kwa ulimi na mfereji, zimepigiliwa juu ya papi, yaani vipande vya mbao vya kubebea sakafu, na chini ya papi ni zege. Akapaka vanishi mara tatu. Babu, ilikuwa inang'aa mpaka majirani wakawa wanavua viatu barazani bila kuambiwa.

Agosti nikaanza kuona mistari. Oktoba njiti ya kiberiti ilikuwa inaingia kati ya ubao na ubao. Karibu na dirisha la magharibi kuna mianya miwili ambayo kidole changu kidogo kinakaribia kuingia. Mwezi wa pili mwaka huu ikapungua, nikamshukuru Mungu nikidhani inajifunga yenyewe. Tangu Juni imerudi palepale.

Jirani yangu, mama mtu mzima, aliniambia niimwagie maji: mpini wa jembe ukilegea si unalowekwa usiku kucha na asubuhi umekaza? Nikamwambia dada adeki kwa maji mengi asubuhi na jioni, wiki mbili. Kweli ikapungua. Tulipopunguza ndoo ikafunguka kuliko mwanzo, na sasa kingo za mbao zimeinuka, ukitembea pekupeku unazihisi chini ya unyayo. Yule kijana akaja na gundi nyeupe na unga wa msumeno, akajaza kona moja kama majaribio. Ndani ya mwezi ikapasuka, ikawa inatoka vipandevipande kama maganda ya yai. Sasa anasema tujaze kote kwa pati ngumu, tupige mashine ya msasa, tupake vanishi upya. Baba watoto anasema ng'oa yote, weka tailizi. Na wawili hao hawaongei tena, hata kwenye msiba wa juzi walikaa mbalimbali.

Jumamosi ya pili ya Novemba wakwe wanaleta mahari ya binti yetu wa kwanza, na wageni watakaa sebuleni. Naomba uniambie ukweli. Je, kuna namna ya kuziba kabla ya siku hiyo? Na sakafu hii ina uzima, au mume wangu alikuwa sahihi?

Mama Neema, Dodoma

*

Marahaba, mwanangu. Hongera kwa binti, na pole kwa sakafu. Ina uzima. Nitakueleza kwa nini nasema hivyo bila wasiwasi, ila kwanza tushughulike na ndoo.

Leo hii, hata kabla hujamaliza kusoma, mwambie dada asidekie maji sebule hiyo tena. Sakafu ya mbao inafagiwa kwa ufagio laini, kisha inafutwa kwa kitambaa kilichokamuliwa mpaka hakidondoshi hata tone. Ukifuta na ukaona unyevu bado upo juu ya ubao baada ya dakika moja, kitambaa kilikuwa na maji mengi.

Jirani yako hakukudanganya kuhusu mpini. Ukiloweka unakaza kweli. Lakini muulize mkulima yeyote mpini huo unakuwaje wiki inayofuata. Unalegea kuliko ulivyokuwa, naye anauloweka tena, unalegea zaidi, mpaka siku jembe linachomoka na kuruka shambani. Kinachotokea ni hiki: mti uliolowa unataka kuvimba, lakini umebanwa na tundu la chuma, hauna pa kwenda, basi nyuzi zake zinajiponda zenyewe kwa ndani. Ukikauka haurudi kwenye unene wake wa zamani, unarudi pungufu. Mbao zako zimefanyiana hivyohivyo kwa wiki mbili. Kila ubao ulikuwa chuma kwa mwenzake. Ndiyo maana ndoo zilipokoma mianya ikawa mikubwa kuliko ulipoanza.

Na zile kingo zilizoinuka ni maji yaleyale. Yalipita kwenye mianya, yakakaa chini, kwenye tumbo la ubao ambako hakuna vanishi. Tumbo likavimba, mgongo ukabaki mkavu, ubao ukajikunja kama sahani. Zikiachwa bila maji, nyingi zitalala zenyewe polepole, kwa wiki kadhaa. Kwa hiyo usikubali mtu yeyote alete mashine ya msasa sasa. Ukisaga kingo zikiwa zimeinuka, ubao utakapolala kingo hizo zitakuwa chini na katikati kutabaki mgongo, na hilo halisahihishwi ila kwa kusaga tena mbao nzima. Mtiki wa sentimita 2 wenye ulimi hauna nyama ya kusagwa mara nyingi.

Sasa tuje kwenye chanzo. Ulisema zilishushwa Jumatatu, Jumamosi zimeshapigiliwa. Hapo ndipo ugonjwa ulipoingilia.

Mafundi tunapima unyevu wa mbao kwa kulinganisha uzito wa maji yaliyomo na uzito wa mti mkavu kabisa. Mbao zilizopangwa kivulini pwani, hata zikikaa mwaka, hazishuki sana chini ya asilimia 14, kwa sababu hewa yenyewe ya Tanga na Dar es Salaam imebeba maji. Hewa ya Dodoma kuanzia Juni hadi Novemba ni nyingine kabisa, wewe mwenyewe unaijua kwa midomo na visigino. Ubao ukikaa humo ndani unashuka mpaka karibu asilimia 10. Na nikisoma barua yako naona mbao zako hazikuwa hata kwenye 14. Nakisia zilikuwa kwenye 18 hivi, yaani zilipasuliwa hazina muda mrefu.

Hesabu yake si ngumu. Ubao wa mtiki wenye upana wa sentimita 12 hupoteza karibu moja ya tano ya milimita kwa kila asilimia moja ya unyevu inayotoka, na ukiwa umepasuliwa kwa namna ya kawaida hupoteza kidogo zaidi. Toka 18 mpaka 10 ni asilimia nane. Inakuja milimita 1.8 kwa kila ubao. Njiti ya kiberiti ina unene wa milimita 2 hivi. Ndiyo njiti yako hiyo. Na ujue mtiki ni mti mtulivu. Mkaratusi uliowahishwa namna hiyo ungekuachia mianya mikubwa kuliko hii.

Mianya miwili mikubwa ya dirishani ina maelezo yake. Vanishi ilipopakwa iliingia kwenye maungio na kugundisha baadhi ya mbao ubavu kwa ubavu. Mbao zilipoanza kunywea, zile zilizogandana zilivutana pamoja kama kipande kimoja, tano au sita kwa wakati, na unyweaji wa zote ukatokea mahali pamoja palipokuwa dhaifu. Jua la alasiri la magharibi likaongezea. Chunguza: mbao zinazopakana na mianya hiyo mikubwa zitakuwa zimebanana kuliko za sehemu nyingine.

Hapa sasa ndipo penye habari njema, na ndipo ninapotofautiana na mume wako na kijana pia. Kule kunywea kukubwa, kutoka ubichi wa lori mpaka ukavu wa Dodoma, hutokea mara moja. Mtiki wako umeshamaliza. Kilichobaki ni ule mwendo wa kila mwaka: mvua zikianza, mwishoni mwa Novemba au Desemba, ubao unavuta asilimia tatu hivi na kupanuka, Aprili mvua zikikoma unaanza kuirudisha. Wewe umeshauona kwa macho yako mwezi wa pili. Haukuwa muujiza wala haikuwa bahati mbaya iliporudi Juni.

Asilimia tatu kwa ubao wako ni kama milimita 0.65. Unaona ndogo. Lakini katika zile mita 4 za upana una mbao 33. Zidisha: zaidi ya sentimita mbili za mti zitakuwa zinatafuta pa kukaa ifikapo Februari. Leo sehemu yake ipo, ni hiyo mianya. Ukijaza yote sasa hivi kwa pati ngumu, wakati ipo wazi kuliko wakati wowote wa mwaka, umeiondoa nafasi ya sentimita mbili. Pati ikiwa dhaifu itasagika na kutapikwa juu, kama ilivyotokea kwenye kona ya majaribio. Ikiwa imara ni mbaya zaidi, mbao zitasukuma ukuta, zikishindwa zitainuka katikati. Niliwahi kuitwa nyumba moja Morogoro mwezi wa tatu, sakafu ya mvule imeinuka kama mgongo wa ng'ombe aliyelala, misumari imechomoka, watoto wanaruka juu yake inadunda. Mwenye nyumba alikuwa amejaza mianya Septemba na alijivunia kazi yake.

Marehemu baba yangu alikuwa fundi wa vyombo vya baharini Pangani, na kazi aliyonifundisha kabla ya useremala ni kutia kalafati. Unachukua pamba iliyolowekwa mafuta, unaisokota kwa kiganja juu ya paja, unaisukumiza kati ya mbao za mashua kwa chembeu na nyundo, pigo baada ya pigo, sauti yake inabadilika pamba inapofika mwisho. Mashua ikiwa imekaa muda mrefu juu ya mchanga mbao zake zimekauka, mianya inatisha. Mimi nilikuwa nabamiza pamba nyingi niwezavyo. Alinishika mkono. Aliniambia chombo hiki kesho kinaingia majini na mbao zitavimba, ukikijaza leo kana kwamba hakitavimba utaing'oa misumari kutoka kwenye mataruma, zile mbavu za chombo. Tulikuwa tunatia kiasi, laini, chombo kikishushwa kinavuja siku moja mbili, watu wanafua maji, kisha kinajibana chenyewe. Sakafu yako ni mashua iliyo juu ya mchanga. Bahari yake inakuja Desemba.

Kwa hiyo jibu la swali lako la kwanza ni hivi: kuziba kabisa kabla ya Novemba, hapana. Kuificha isionekane, ndiyo, na ni kazi ya siku mbili.

Angalia sakafu yako saa kumi jioni na ujiulize jicho linashikwa na nini hasa. Si upana wa mwanya. Ni weupe. Ulimi wa kila ubao ulikuwa umefichwa ndani ya mfereji wakati vanishi inapakwa, kwa hiyo haukupata rangi. Mbao ziliponywea ulimi ukachungulia ukiwa mpauko, na juu yake limekaa vumbi la Dodoma ambalo nalo ni jeupe. Mstari mweupe katikati ya kahawia unaonekana toka mlangoni. Ukiwa wa kahawia iliyokolea, jicho linapita juu yake kama kivuli cha kawaida cha maungio.

Basi siku ya kwanza safisha mianya. Tumia msumari uliopinda ncha au kisu butu, ukivuta uchafu kwa urefu wa mwanya bila kugusa kingo, kisha brashi ngumu, kisha kama kuna mtu mwenye mashine ya kufyonza vumbi muazime. Toa na mabaki yote ya ile gundi ya kona. Siku ya pili nunua kopo dogo la rangi ya mbao, ile nyepesi ya majimaji ambayo mafundi wa fanicha wanaiita steini, rangi ya kahawia iliyokoza kidogo kuliko mbao zako. Si rangi nzito ya mafuta. Chukua brashi nyembamba ya kuchorea ya watoto wa shule, pitisha ndani ya mwanya, ulimi na ubavu vipate rangi. Shika kitambaa mkono wa pili, na kila baada ya nusu mita futa kilichopanda juu. Kwa kuwa mgongo wa ubao una vanishi, kinafutika kama hukuchelewa. Kazi hii ina utulivu wake, unaweza kuifanya na Neema huku mnaongea yale ambayo mama na binti wanapaswa kuongea mwezi kama huu. Rangi hii haina unene, haizuii mti kupanuka, na mvua zikija hakuna cha kutapikwa.

Ile miwili ya dirishani haitafichwa na rangi peke yake. Hapo tia kamba. Wewe mtu wa Tanga, kamba ya katani unaijua. Chagua iliyo nene kuliko mwanya kwa kiasi kidogo, ifungue nyuzi uisokote upya ipatane, iloweke kwenye ileile rangi ya mbao au hata chai ya rangi iliyokolea sana, ianike mpaka ikauke kabisa. Kisha isukumize kwa patasi butu au kisu cha mezani mpaka ikae milimita mbili chini ya uso wa ubao. Usitie gundi. Mbao zikipanuka kamba itabanwa, zikinywea itabaki imekaa, na ukichoka nayo unaivuta inatoka nzima. Pima tu usiibamize ngumu, kwa sababu niliyokwisha kukueleza.

Watu watakushauri nta ya nyuki iliyoyeyushwa na rangi. Nta ni nzuri, nami naitumia kwenye makabati. Lakini nta ikishaingia kwenye maungio, vanishi ya baadaye haishiki hapo, na wewe utahitaji vanishi mwakani. Silikoni ya bafuni, vivyo hivyo, usimruhusu mtu aikaribishe ndani. Pazia la dirisha la magharibi lishushwe kuanzia saa nane mchana, kila siku, si siku ya wageni tu. Na siku yenyewe tandika mkeka mpana katikati ya sebule. Wakwe wanaoleta mahari kukaa mkekani ni heshima, hakuna atakayeuliza kilicho chini yake.

Sasa kazi yenyewe ya kudumu, ambayo ni ya mwakani.

Kadi ya benki ina unene wa karibu robo tatu ya milimita. Chagua mianya kumi, mitano dirishani, mitano mlangoni na katikati, uibandikie namba ukutani kwa gundi ya karatasi. Kila tarehe mosi ya mwezi, kuanzia Novemba, jaribu ni kadi ngapi zinaingia pamoja, andika kwenye kalenda. Mwishoni mwa Februari au Machi mianya itakuwa midogo kuliko wakati wowote. Ule ambao kadi moja haiingii, mwache milele, huo ni wa kupumulia. Ule ambao hata Machi unameza kadi mbili au zaidi, huo ni upungufu wa kweli, na huo ndio utakaozibwa, na utazibwa kwa mti. Kwa kuwa mti utakaoutia utaingia wakati mbao zimepanuka, hautamsukuma yeyote.

Mti huo unao tayari. Fundi yeyote huagiza mbao za akiba, bila shaka yapo mabaki stoo au nyuma ya nyumba. Hayo ni mtiki uleule, wa lori lilelile, na yamekauka kwa hewa ya Dodoma zaidi ya mwaka sasa. Huwezi kununua kinachofanana nayo popote. Yaingize ndani leo na uwaonye watakaopika siku ya mahari, maana kwenye shughuli kuni zikipungua watu huchukua chochote kilicho karibu.

Kutoka kwenye mabaki hayo kijana apasue vijiti vyembamba, urefu wa mita moja au hata chini, kisha avipige randa viwe na umbo la kabari: chini vyembamba kidogo kuliko mwanya, juu vinene kidogo. Nyuzi za kijiti zifuate urefu wa ubao. Apake gundi ya mbao upande mmoja tu wa kijiti. Hili nalirudia kwa sababu ndilo mafundi wengi wanalikosea: upande mmoja. Ukipaka pande zote mbili umezifanya mbao mbili kuwa moja, na mwaka unaofuata nguvu zote zitahamia kwenye mwanya wa jirani na kuupasua uwe kama ile ya dirishani. Kikigundishwa upande mmoja, kijiti kinakwenda na ubao wake, upande wa pili unabaki huru na mstari mwembamba kama unywele. Kigongwe taratibu kwa nyundo ya mbao mpaka kikaze bila kulazimishwa, kisha kinachozidi juu kiparwe kwa patasi kali iliyolala chali, gundi ikishakauka. Mwisho msasa wa mkono na vanishi juu ya eneo hilo.

Gundi na unga wa msumeno sikatai kabisa. Inafaa kwenye tundu la msumari, kwenye jicho la mti, na pale vichwa vya mbao mbili vinapokutana, kwa sababu ubao haunywei kwa urefu wake kiasi cha kuhesabika, pale hapatembei sana. Ila achukue vumbi laini la msasa, si unga wa msumeno wenye punje, na achanganye na sila, yale majimaji ya kuziba mbao kabla ya vanishi, ileile itakayopakwa juu, itafanana zaidi kuliko gundi nyeupe.

Kuna jambo moja la kukagua mapema, kabla ya Desemba. Mwambie kijana abandue kipande cha skatingi, ule ubao wa chini ya ukuta unaofunika ukingo wa sakafu, kwenye ule ukuta mrefu. Nyuma yake pawe na nafasi ya milimita 10 hadi 15 kati ya ubao wa mwisho na ukuta. Kama mbao zimegusa plasta, na nashuku zimegusa kwa namna alivyofanya kwa haraka, apunguze ubao wa mwisho kwa patasi kabla mvua hazijaanza, pande zote mbili. Hiyo nafasi ndiyo itakayookoa sakafu mwaka ambao mvua zitazidi.

Mume wako nisingemwambia kwamba amekosea. Tailizi haina tabu hizi, na jikoni na barazani mimi mwenyewe nimeweka. Mwonyeshe tu hesabu: hasara ya kunywea imeshalipwa, akiing'oa leo atakuwa ametupa mtiki uliokwisha kutulia, ambao sasa ndio wa kununuliwa. Mwombe asubiri mpaka Machi. Mpe yeye hiyo kalenda na kadi, apime mwenyewe. Mtu akiona kwa macho yake mwanya unaomeza kadi tatu Novemba unameza mbili Februari, hahitaji tena kusadikishwa na mkewe wala na mimi.

Na kijana. Kosa lake ni haraka, na nani alimharakisha? Jiulizeni kama mlimpa wiki tatu za kuacha mbao zimepangwa ndani ya sebule hiyo, zimetenganishwa kwa vijiti hewa ipite, madirisha wazi, kabla ya msumari wa kwanza. Alipaswa kudai muda huo, ni kweli. Lakini kijana anayefanya kazi kwa baba yake mkubwa haoni rahisi kusema subirini. Mualike kabla ya mahari, si siku yenyewe, aje abandue skatingi na kukata vijiti vya akiba baba watoto akiwepo. Mpe barua hii asome. Malipo ya kazi ya Machi mkubaliane yeye atoe mikono, ninyi mtoe vanishi na gundi.

Ukishapima tarehe mosi Machi niandikie zile namba kumi. Ya dirishani nataka kuiona kabla hajaikatia kijiti, kwa kuwa pale huenda dawa ni kung'oa ubao mmoja na kuuweka mpana zaidi, na hilo sitaki kulisema kwa kukisia.